Dakika Mbili za Shangazi Verlene

Columbus, Ohio
9 Februari 1993

Shangazi mpendwa,

Kabla hujauliza: ninakula, ninavaa soksi mbili mbili, na kanisani ninakwenda, ingawa si kila Jumapili. Tulikubaliana tuandikiane kwa sababu kwenye simu mimi napiga kelele na wewe unakata, kwa hiyo leo utanisikiliza mpaka mwisho, upende usipende.

Nina hasira. Semina yangu ya fikra za wanawake Weusi na nadharia ya jinsia, ile iliyonitoa North Carolina nikaja kuganda huku, ina wanafunzi tisa. Weusi ni mimi na msichana mmoja wa Detroit anayeitwa Tanisha, basi, ukimtoa Profesa Marchbanks anayetufundisha. Wiki iliyopita nilisoma darasani kurasa za kwanza za tasnifu yangu, zinazowahusu wanawake wa kanisa letu la Mount Nebo. Nimeandika kwamba ninyi ndio mnaojaza viti, mnaopika, mnaofundisha watoto na kutembelea wagonjwa, halafu siku ya kusema neno mnasimamishwa chini, kwenye kile kimeza kilicho karibu na maua, kwa sababu mwanamke hakanyagi mimbari. Nilipomaliza, Heather, binti wa daktari wa meno, akanyoosha mkono akauliza kwa upole kabisa, "Sasa kwa nini hawaondoki tu?"

Kwa upole, Shangazi! Kama mtu anayeuliza kwa nini hamjabadilisha sabuni. Tanisha akamwambia, "Waende wapi, dada? Kwenu?" Mtu mmoja akakohoa, Profesa akatuambia tufungue ukurasa unaofuata.

Lakini niliporudi chumbani nikajikuta nina swali baya kuliko la Heather. Kwa nini hamkatai? Wewe ni kiongozi wa wahudumu wa mlangoni. Ni mwalimu, na nimekuona kwa macho yangu ukimnyamazisha mkaguzi wa shule kwa kumtazama tu. Halafu Mchungaji Tillery anakwambia simama chini, nawe unasimama chini na glovu zako nyeupe. Huku tunausomea mfumo dume asubuhi na jioni, na mimi naona mfumo huo pale Mount Nebo unanenepa kwa sababu una walinzi wa kike mlangoni. Nijibu kwa ukweli. Nataka kuliweka jibu lako kwenye tassnifu.

Wako,
Corliss


Mount Nebo Road, North Carolina
17 Februari 1993

Corliss,

Barua yako nimeisoma nimesimama, na nilipofika kwa wale walinzi wa kike mlangoni nikashindwa hata kukaa. Baba yako alipokufa, ni walinzi hao waliokushika mkono mmoja huku na mwingine kule, ukapita katikati ya watu bila kuanguka. Au hilo halimo vitabuni? Nimekulea tangu una miaka saba, sijakulea uje kunipima kwa rula ya watu wa Ohio. Na tena umeandika "tasnifu" kwa s mbili. Rudi ukasahihishe.

Unauliza kwa nini hatukatai. Nani kakwambia hatukatai? Unafikiri kukataa ni mpaka mtu apige ngumi mezani?

Sasa nakwambia jambo, na hili si la tasnifu. Mama Ozella Speight anakwisha. Figo zimemchoka, daktari amemrudisha nyumbani. Juzi nilikuwa nampaka mafuta miguuni, akanishika mkono akasema, "Verlene, mazishi yangu utahubiri wewe. Tillery asinihubirie. Atawahadithia watu keki zangu." Nikamwambia, Mama, unajua haitawezekana. Akaniambia, "Mimi nilijua wewe umeitwa kabla hujajua mwenyewe. Mpaka lini?"

Ndiyo, Corliss. Nimeitwa kuhubiri. Ni muda mrefu sasa, na leo ndiyo mara ya kwanza naliandika neno hilo. Nililisikia kama ninavyokusikia wewe ukipiga kelele kwenye simu, nikajifanya sijasikia, likarudi, na halijaacha kurudi. Kwetu hapa mwanamume akisimama akasema ameitwa, wanampa Jumapili ya majaribio hata kama kusoma kwenyewe anabahatisha. Mwanamke akisema ameitwa, wanamuuliza kama ametumia dawa yake ya presha. Nimemwona yule kijana wa akina Pitt akihubiri majaribio yake, Yona na nyangumi, akasahau nyangumi alimtapika Yona wapi, watu wakampigia makofi na kumpa koti la mhubiri. Nilisimama mlangoni nikimtazama, na meno yaliniuma kwa jinsi nilivyoyabana.

Nina mpango. Nimeongea na Shemasi Sessoms polepole, jioni tatu kibarazani kwake, kwa pai ya viazi vitamu. Ameanza kusema kwamba pengine si vibaya nikimhubiria Mama Ozella mara hii moja tu. Ataliuliza kwenye kikao cha mashemasi mwezi Machi kana kwamba ni wazo lake. Inanichoma roho kumwachia liwe lake, lakini nitamwachia. Nataka Mama Ozella azikwe kama alivyoomba.

Anayejua ni Mama Ozella, na Sessoms nusu, na sasa wewe. Usimwambie mtu.

Shangazi yako,
Verlene Battle


Columbus, Ohio
22 Februari 1993

Kwa Kanisa la Baptisti la Mount Nebo,

Nawaandikia kama mwana wa kanisa hili, niliyebatizwa hapo, na kama mwanafunzi wa nadharia ya jinsia.

Mama Ozella Speight ameomba ahubiriwe na Dada Verlene Battle atakapofariki. Dada Verlene ameitwa na Mungu kuhubiri, na amekuwa akilibeba jambo hilo kimya kwa miaka kwa sababu ya utaratibu unaomnyima mwanamke mimbari huku ukiishi kwa jasho lake. Hili ni dhuluma. Mwanamke Mweusi anabanwa mara mbili, nje kwa rangi yake, ndani kwa jinsia yake, na inasikitisha kwamba mkono wa pili wa kubana ni wa watu wake mwenyewe. Kumlazimisha aombe ruhusa kibarazani kwa shemasi, kwa pai, ni mfumo dume uliovaa tai.

Natarajia jibu la maandishi.

Corliss A. Battle


Ofisi ya Mchungaji, Mount Nebo
1 Machi 1993

Binti yetu mpendwa katika Bwana, Corliss,

Salamu kutoka nyumbani. Tunajivunia elimu yako, na kila unapotajwa kwenye maombi ya wanafunzi huwa tunasema Amina.

Barua yako tumeipokea. Kwa kuwa uliiandika kwa Kanisa, karani wetu, Dada Ernestine, aliisoma yote mbele ya kanisa Jumapili, kama ilivyo desturi yetu kwa barua zote, baada ya majina ya wagonjwa na kabla ya tangazo la mauzo ya kuku wa kukaanga. Hakuruka neno. Shemasi Sessoms ameomba ieleweke kwamba hakuahidi chochote, na kwamba pai alidhani ni pai.

Kuhusu wito wa Dada Verlene, hatukuwa na habari. Tumemwombea. Maandiko yana utaratibu wake na mimi si wa kuuvunja. Hata hivyo, kanisa hili halina ubaguzi wa aina yoyote. Bwana akimtwaa Mama Speight, Dada Verlene atapewa nafasi ya heshima ya kusema maneno mafupi, dakika mbili, kwenye kimeza cha chini.

Tunakuombea mafanikio katika masomo, na kwa wakati wa Bwana, mume mwema.

Mchungaji Lucius P. Tillery


Mount Nebo Road
2 Machi 1993

Corliss,

Nilikuwa mlangoni. Nilikuwa na sare yangu nyeupe, glovu, beji kifuani, mkono mmoja nyuma ya mgongo kama tunavyosimama. Ernestine akafungua bahasha akasema imetoka Ohio, nikatabasamu. Nilitabasamu, unanisikia? Nilidhani mtoto wangu ameliandikia kanisa kushukuru kwa zile hela za vitabu walizokuchangia.

Alipofika kwenye jina langu watu wote waligeuka. Kanisa zima, shingo zote. Na mimi siwezi kuondoka, mimi ndiye mwenye mlango. Nyuma yangu nikasikia mwanamume mmoja akisema, "Kumbe! Kumbe alikuwa anaitamani mimbari yetu." Mwenzake akacheka puani. Sessoms alikuwa anatazama viatu vyake. Jana nilipiga hodi kwake, mkewe akatoka, akanirudishia sahani yangu na mlango akaufunga.

Kimeisha kile nilichokuwa nakijenga. Na sasa ninalo lililo baya kuliko kukataliwa, nina dakika mbili za heshima.

Unasoma vitabu kuhusu wanawake Weusi wanaosemewa na watu wengine. Unavisoma, unapigia mistari, unapewa alama. Halafu ulichukua kalamu ukanisemea. Heather aliuliza kwa nini hatuondoki. Wewe ulinisukuma katikati ya kanisa bila nguo, halafu ukabaki Ohio ukitarajia jibu la maandishi.

Nilikwambia usimwambie mtu. Nililiandika kwa herufi ambazo hata darasa langu la nne wanazisoma.

Mama Ozella akifariki, usije. Sitaweza kukutazama wewe na jeneza siku moja.

Verlene Battle


Columbus, Ohio
11 Machi 1993

Shangazi,

Nimeandika barua hii nikaichana sijui mara ngapi.

Nilisahau. Nimekulia kwenye benchi lile, nimesikia Dada Ernestine akisoma barua za shukrani na za rambirambi na mpaka ile ya mtu aliyedai kanisa limechukua viti vyake, na bado niliandika "Kwa Kanisa" nikifikiri itafunguliwa ofisini na Mchungaji peke yake, aingiwe na aibu peke yake. Huku barua ikienda ofisini inafia ofisini. Hiyo ndiyo akili niliyokuwa nayo. Lakini hata angeifungua peke yake, lile jambo halikuwa langu kulitoa. Nisamehe. Silifungi neno hilo kwa nadharia yoyote.

Nilimwonyesha Profesa Marchbanks nakala ya ile barua. Akaisoma mpaka mwisho, akavua miwani, akasema, "Imeandikwa vizuri sana. Aliyekutuma ni nani?" Heather aliposikia akaniomba nakala, ati inagusa moyo, angependa kuitumia kwenye insha yake. Nilimjibu vibaya na sijutii.

Nimeziondoa kurasa zako zote kwenye tasnifu. Imebaki shimo katikati, Profesa anasema bila sura hiyo siwezi kuhitimu Mei. Basi nisihitimu.

Lakini kuna jambo moja siwezi kuliandika kwa upole, na ukitaka uichome barua. Sessoms hangesema kitu. Angekula pai mpaka Mama Ozella azikwe, halafu angekwambia kikao kiliahirishwa. Mtu anayetazama viatu vyake Jumapili hakuwa na uti wa mgongo Jumamosi. Nimekukosea, lakini si mimi niliyetunga dakika mbili. Waliokupa dakika mbili ni wao, na mimi sitawaomba radhi hata wakinitoa kwenye kitabu cha washirika.

Sitakuja. Umesema nisije.

Corliss


Mount Nebo Road
17 Machi 1993

Corliss,

Mama Ozella amefariki Jumatatu asubuhi, usingizini. Kabla ya hapo alimwita Ernestine amsomee ile barua yako kitandani. Alicheka mpaka tukamwinua akae. Akasema, "Mfumo dume uliovaa tai! Na tai yenyewe ya Tillery haijawahi kukaa sawa." Kisha akanitazama akasema bado anasubiri nimjibu.

Mazishi ni Jumamosi. Ratiba imechapwa. Jina langu liko upande wa nyuma, chini ya Shemasi Sessoms, na pembeni wameandika "dakika mbili, tafadhali." Kwa Sessoms hawakuandika tafadhali.

Kuhusu Sessoms, sikuichoma barua. Hilo tu ndilo nitakalosema.

V. B.


Mount Nebo Road
25 Machi 1993

Corliss,

Kaa chini, hii ni ndefu.

Nilivaa sare yangu. Watu walitazamia gauni jeusi na kofia, lakini Mama Ozella ndiye aliyenifunga beji ile kifuani, na nilitaka kumsindikiza nayo. Kanisa lilijaa mpaka kwenye ngazi. Wanaume wakaanza maneno yao mafupi. Wa kwanza akasifu keki zake. Wa pili akasifu keki zake. Sessoms alisema muda mrefu sana, akatupa keki, na kuku, na siku Mama alipomkaripia akiwa mdogo, akaingia kwenye habari za upasuaji wake wa goti, na hakuna mtu aliyemtazamia saa. Corliss, yule mwanamke alibeba watu kwenye gari lake mwaka wa sitini na nne kwenda kujiandikisha kupiga kura. Kiwanda kilimfukuza kazi, wakamvunjia vioo vya gari, na Jumatatu iliyofuata akawabeba wengine kwa gari lisilo na vioo. Sessoms alikuwa ndani ya gari lile! Amesimama mbele ya jeneza lake anaongea goti!

Mchungaji akaniita. "Dada Verlene, dakika mbili, chini pale." Nikatembea kutoka mlangoni. Sikwenda kwenye kimeza. Wala sikupanda mimbarini, kama unataka kujua, kwa sababu Mama Ozella hakuwa mimbarini. Nilisimama kando ya jeneza, nikaweka mkono juu yake, nikafungua Maandiko kwa kichwa, kitabu cha Waamuzi, habari za Debora aliyewaamua watu wake na kwenda vitani na mwanamume aliyegoma kwenda bila yeye. Nikaanza na lile gari. Nikasema majina ya waliokuwa ndani, mmoja mmoja, wengine wamekaa mbele yangu. Sessoms akainama.

Dakika zikaisha, nilijua zimeisha. Nikamwona Mchungaji akimpa ishara Lamont kwenye kinanda. Umekulia hapo, unajua ishara ile: msemaji akizidisha, kinanda kinapanda juu kinammeza, anarudi kukaa akitabasamu kama mjinga. Lamont akaweka mikono. Kinanda kikaanza. Nikajiambia basi, Ozella, nimejaribu.

Nikavuta pumzi nimalizie sentensi tu, nikae. Na pale nilipovuta pumzi, kinanda kikashuka. Nikasema neno, kikanyamaza. Nikatua, kikajibu. Nikapandisha sauti kidogo kwa kumjaribu, naye akapanda na mimi, palepale, hakunipita. Corliss, kinanda cha kwetu hakimjibu msemaji. Kinamjibu mhubiri. Umesikia kikiwajibu wanaume maisha yako yote. Mchungaji alimpa ishara mara ya pili, na Lamont alikuwa amefumba macho.

Baada ya hapo sikumbuki vizuri. Ernestine anasema nilihubiri nusu saa na kwamba wahudumu wangu wote waliacha milango, jambo ambalo ni kosa na nitawaambia. Nakumbuka Baraza la Akina Mama wamesimama wote kwa pamoja na wale wenye fimbo wakashikwa na wasio na fimbo. Nakumbuka nililia, nikasema, "Nalia kwa hasira," na wanawake wakajibu, "Sema!" Nilipokaa, Mchungaji akapanda na karatasi zake, akazitazama, akazikunja, akatoa baraka.

Sasa usifurahi. Jumatatu mashemasi wameniita. Nimevuliwa uongozi wa wahudumu, beji nimerudisha, nilitaka waibandue wenyewe na hakuna aliyethubutu, ikabidi niitoe mimi. Lamont amesimamishwa mwezi mzima na Jumapili ijayo wataimba bila kinanda, tutaona. Kijana wa akina Pitt alisahau nyangumi akapewa koti. Mimi nimevuliwa beji. Niliwaambia hivyo hivyo, nikiwa nimesimama, na nikawaambia kwamba Jumapili nitakuja nikae benchi la kwanza, na Jumapili itakayofuata, na wito wangu nitauwasilisha kwa maandishi kwa Kanisa, Ernestine ausome wote. Ndiyo, Kwa Kanisa. Safari hii natuma mwenyewe.

Wewe bado nimekukasirikia, na nitaendelea mpaka nichoke, usiniharakishe. Lakini huwezi kukosa kuhitimu kwa ajili yangu, nani kakwambia nataka hiyo sadaka? Zirudishe zile kurasa. Zilete hapa kwanza, nizisome, na utakachoambiwa ufute utafuta.

Na kuna jambo moja la kusahihisha. Nimemwomba Ernestine anionyeshe kumbukumbu za kanisa za siku ile. Alikuwa analia, maskini, ndivyo walivyomwamuru aandike: "Dada V. Battle alitoa maneno mafupi na kuzidisha muda." Hayo ndiyo yatakayosomwa na watu nikishakufa. Basi wewe uliyesomea mambo haya, kwenye karatasi yako, kwa jina langu kamili, andika kwamba nilihubiri.

Shangazi yako,
Verlene Battle